Taa Isiyopenda Kutazamwa

Mimi ni fundi taa, na kabla hujaniuliza kwa nini aproni yangu naivaa nyuma, kaa chini nikueleze, maana nimechoka kuulizwa na kila mpita njia mwenye macho mawili na adabu nusu.

Huku kwetu jua hulala mchana. Saa sita ikigonga linajifunika, giza linashuka mpaka saa tisa, na moto wote hulala nalo. Uwashe kiberiti, upulize makaa, upige magoti uyabembeleze, hupati hata cheche. Usiku hakuna shida. Usiku jua liko macho, linatembea tu upande wa pili, na jiko lako linawaka bila maneno. Ni mchana ndipo tunapokaa gizani kama viazi ndani ya gunia. Wengi wanalala. Wengine wanasengenya. Lakini wapo wenye kazi isiyosubiri, na hao ndio wanaohitaji ng'aru.

Ng'aru ni makombo ya mwezi. Tuna miezi miwili, mkubwa na mdogo, na ikipita karibukaribu inakwaruzana, chembe zinadondoka, moja huku, moja kule, zinaishia kwenye mifereji ya mapaa. Chembe yenye ukubwa wa punje ya dengu inajaza chumba kizima mwanga mweupe, usio na moshi wala joto, na haiishi kamwe. Ni adimu kuliko mkwe mwenye shukrani. Mume wangu amepanda mapaa yote ya mji huu na kuanguka kutoka nusu yake, na chembe alizopata tangu tuoane ukizihesabu kwa vidole vya mkono mmoja unabaki na vidole vya kujikuna.

Ila ina ugonjwa mmoja: ina haya. Ukiitazama, inazimika. Jicho moja tu linatosha, hata la pembeni, hata la kuku. Inazimika fyu, halafu inanuna mpaka iamini kwamba umeisahau. Mwanga wake utauona ukutani, utauona mezani, utashonea, utapimia dawa, lakini yenyewe ikiwa inawaka hakuna aliyewahi kuiona. Usiniletee habari za vioo, tumejaribu. Usiniletee habari za kuifunika kwa kitambaa, maana ukiifunika inadhani umeitupa, inazimika kwa uchungu. Inataka iwepo, inataka ithaminiwe, ila isitazamwe. Nimeolewa na mwanamume wa namna hiyohiyo, kwa hiyo niliielewa upesi.

Ndiyo sababu sisi mafundi tunafanya kazi kwa kisogo. Tunaipa meza mgongo, mikono nyuma, tunakata bati kwa kupapasa, tunakunja kwa kupapasa, tunatia lehemu kwa kupapasa na kwa kumtaja Mungu. Aproni inakaa nyuma kwa sababu lehemu ikidondoka haiulizi. Sijakalia kiti kigumu kwa raha tangu nijifunze kazi hii. Haya, umeridhika?

Basi mwaka huo mume wangu alishuka kutoka paa la ghala la chumvi na chembe moja ndani ya kopo, amefumba macho, goti limevimba, anacheka peke yake. Kabla hata sijamkanda lile goti, tajiri mmoja wa mtaa wa juu alishatuma mtu kuitaka kwa ajili ya chumba chake cha kulia. Nilimjibu ale kwa kupapasa, mdomo haupotei. Ile chembe niliitaka kwa ajili ya chumba cha kujifungulia, pale kliniki ya mtaa wetu, kwa sababu binti yangu wa pekee alikuwa na mimba iliyokwisha kukomaa, na mkunga alikuwa amempapasa tumbo kisha akaniita pembeni.

"Fundi," akasema, "mtoto amekaa vibaya. Atatanguliza miguu. Akija asubuhi au usiku, nitamtoa. Akija jua limelala, sitaona ninachofanya, na mtoto wa miguu hatolewi kwa kubahatisha."

Niliogopa. Nasema wazi, niliogopa mpaka hamu ya kugomba ikaniisha, na mume wangu akadhani naumwa akanipikia uji. Niliunguza kiuno mara mbili nikiitengeneza ile taa, wala sikulalamika. Nilipomaliza niliibeba mwenyewe, nikaitundika katikati ya dari, juu kabisa ya kitanda cha wazazi. Kila taa niliyowahi kutengeneza hutundikwa darini. Mshonaji anatazama sindano, mwokaji anatazama unga, hakuna mtu mwenye kazi anayetazama juu. Jua lilipolala siku ile chumba kikajaa mwanga hadi uvunguni, na mkunga akapiga makofi huku akitazama sakafu.

Naona umeshaanza kucheka. Cheka tu. Mimi, niliyezaa, nilisahau kwamba mzazi analala chali.

Sasa nikujulishe mama mkwe wangu, mama wa mume wangu, bibi yake binti yangu. Mtaani wanamwita Mahakama, kwa sababu akishakuhukumu hakuna rufaa. Ni mfupi, ananifika begani, na hakuna mtu anayethubutu kumtazama usoni. Mume wangu, mwanawe wa kumzaa, akiwa mbele yake anaongea na viatu vyake mwenyewe. Muuza maziwa anaongea na ndoo. Mimi nimeishi naye nyumba moja tangu nilipoolewa, nimempelekea chai kila asubuhi, na ukiniuliza macho yake yana rangi gani nitakueleza habari za vidole vyake vya miguu, ndivyo ninavyovifahamu. Kile kidogo cha kushoto kimepinda.

Siku yenyewe uchungu ulianza asubuhi, polepole, na sote tukaomba mtoto awahi. Hakuwahi. Ameurithi ukoo wa mume wangu, watu ambao hawajawahi kuwahi hata chakula. Mahakama alikaa kwenye benchi nje ya mlango pamoja na mkwe wangu, mwokaji mikate, kijana mpole anayenukia hamira, ambaye alikuwa amekalia ncha ya benchi ili asimguse bibi kwa bahati mbaya. Ndani tulikuwa watatu: binti yangu kitandani, mkunga mbele yake, mimi kichwani pake. Saa sita ikagonga. Jua likajifunika. Kule juu taa ikawaka, safi kabisa, nami nikavimba kichwa kwa muda wa kupumua mara moja.

Binti yangu akafumbua macho. Fyu. Giza.

"Nani kaizima?" mkunga akauliza.

"Mimi," binti yangu akasema. "Nimeangalia juu tu."

"Usiangalie juu."

"Sasa niangalie wapi? Nimelala chali!"

Hapo ndipo nilipoelewa upumbavu wangu, wote kwa mkupuo, kama ndoo ya maji. Sikuwa na nafasi ya kuaibika. Nikamwambia afumbe macho. Akafumba. Taa ikawaka. Uchungu ukamshika, akayafumbua. Fyu. Nikamfunga kitambaa usoni, akakivumilia kwa uchungu mmoja tu, uliofuata akaking'oa akanitupia. "Nashindwa kupumua nisipoona, mama!" Na wewe ukisema hiyo si sababu, kazae kwanza halafu uje tuongee.

Nikapanda ngazi nikaitungua taa. Nikaiweka nyuma ya mkunga. Binti yangu anamtazama mkunga, anaiona. Fyu. Nikaihamisha nyuma ya kichwa cha binti yangu. Mkunga anamtazama binti yangu, anaiona. Fyu. Nikaipeleka ubavuni, karibu na dirisha, nikaanza kumshukuru Mungu, na mzazi akajigeuza ubavu uleule. Kile chumba kina kuta nne tu, na zote zilikuwa na mtu wa kuzitazama. Isitoshe, mwambie mtu asitazame kitu, umemwalika. "Sitazami," mkunga anasema, na anatazama. Mimi mwenyewe, fundi mzima, mtu wa kisogo, shingo ilikuwa inageuka yenyewe kama ya bundi.

Mlango ukafunguka kidogo. Hamira.

"Mama, imewaka?" Na kweli ilikuwa imeanza kuwaka, mpaka alipochungulia.

"Funga mlango!"

"Samahani, mama. Macho hayana pazia."

"Nitayashonea pazia mimi mwenyewe! Funga!"

Mkunga naye sasa alikuwa anaigombeza taa. "Mficha uchi hazai," akaiambia gizani, "na hapa ni mahali pa kuzalia, kwa hiyo kama una haya ungebaki mbinguni kwenu!" Ningecheka siku nyingine yoyote. Kisha aliposema tena, mzaha ulikuwa umemtoka.

"Nimeushika mguu mmoja. Wa pili siupati. Fundi, nahitaji kuona. Sasa hivi, si baadaye."

"Mama," binti yangu akasema.

Nilisimama na ile taa mikononi, baridi, imenuna, na nikalia. Nililia kwa hasira. Nilikuwa na kitu kinachotafutwa na nchi nzima, nimekitengeneza kwa mikono yangu, nimekinyima tajiri ili kimfae mwanangu, na kilikuwa kinamwacha mwanangu afe kwa sababu kinaona aibu. Niliitukana. Matusi yenyewe siyarudii hapa, huenda watoto wanasikiliza.

Mlango ukafunguka wote, ukagonga ukuta.

"Ni nini hii?"

Huyo hakuwa hamira. Sisi wote watatu tukainamisha vichwa, gizani humohumo, kwa mazoea tu.

"Nimekaa pale nje nasikia watu wazima wanabishana na taa! Lete hapa!" Akaipapasa, akaninyang'anya. "Na wewe ni fundi gani unayetundika taa mahali mzazi anapoelekeza uso? Ulipozaa wewe ulisimama? Na wewe mkunga, unagombana na vyombo? Na wewe mjukuu wangu, utalia ukimaliza, sasa hivi una kazi!"

Mwanga ukajaa chumba.

Nikaviona vidole vya miguu vya mama mkwe wangu, hata kile kilichopinda. Nikauona mkono wa mkunga ukitafuta, kisha ukipata. Taa iliendelea kuwaka, haikupepesa wala kusita, kama vile imefika kwao.

"Imewaka," Mahakama akasema. "Mbona imewaka?"

Jibu tulikuwa nalo wote, na hakuna aliyekuwa na kifua cha kulitoa. Yeye mwenyewe hakuwa anaitazama taa, alikuwa anatutazama sisi, hiyo ndiyo kazi yake ya siku zote. Na sisi tulikuwa tunatazama chini.

"Nimeishika hapa," akasema taratibu. "Hapa shavuni. Mtu akinitazama mimi, ataiona."

Tukazidi kuinamisha vichwa.

"Kumbe," akasema.

Lo, lile neno! Nimetukanwa na yule mama miaka mingi, nimeitwa mvivu, nimeitwa mkono wa kunguru, chai yangu imeitwa maji ya kunawia, na hakuna hata moja lililoniuma kama lile "kumbe". Niliona aibu. Nilitamani kuinua uso nimwambie si hivyo, mama, lakini nikiinua uso taa inazimika na mjukuu wangu anakufa, na isitoshe ilikuwa hivyohivyo hasa.

Akakohoa kidogo.

"Haya. Basi itakaa hapahapa. Mkunga, fanya kazi. Atakayeinua macho nitamfundisha kilichomtoa nyoka miguu."

Na akaanza. Sijui kama umewahi kusikia mtu akitia moyo kwa matusi, lakini ilibidi iwe hivyo, kwa maana akilegeza sauti mtu angemwonea huruma, na ukimwonea mtu huruma unamtazama. "Sukuma! Huo ni msukumo au unafungua dirisha la watu waliolala? Sukuma, mvivu wewe, umemrithi mama yako!" Binti yangu anasukuma, amekaza macho kwenye magoti yake. "Nimesema sukuma, sikusema uimbe! Mkunga, mguu wa pili uko wapi?"

"Nimeupata, bibi."

"Unangoja upewe zawadi? Endelea! Na wewe mkwe wa nje, ukichungulia nitakukanda na unga wako!"

"Sichungulii, bibi!" ikaja sauti kutoka mbali sana, nafikiri alikuwa ameshafika barabarani.

Mara moja tu sauti ya yule bibi ilikatika. Binti yangu alipiga ukelele ambao sitaki kuusikia tena, na Mahakama akasema, "Mwanangu, mwanangu..." kwa upole kabisa, na nikaona mwanga umetetemeka ukutani, kwa sababu shingo zetu zote tatu zilikuwa zimeanza kunyooka. Akagutuka. "Mwanangu mpumbavu!" akamalizia. "Vichwa chini!" Tukainama, mwanga ukatulia.

Yakatoka makalio. Kikatoka kiwiliwili. Mikono ya mkunga ikawa inakwenda taratibu kana kwamba inafungua fundo la uzi mwembamba, na kila alichokifanya alikiona, na mimi nilikiona, na nilijua kwamba gizani kisingewezekana. Kisha mabega. Kisha, baada ya kusubiri kulikonizeesha, kichwa. Kitovu kikafungwa, kikakatwa. Mtoto akavuta pumzi, akapiga kelele moja ya kutudai sote maelezo.

"Msichana," mkunga akasema.

"Mzima?" Mahakama akauliza, kwa ukali.

"Mzima, bibi. Mzima kabisa."

Binti yangu akaangusha kichwa kwenye mto akiwa amefumba macho, akicheka na kulia. Mkunga akamfuta mtoto, akamfunga kitambaa, na kwa kuwa mikono yangu ilikuwa inamfuta binti yangu jasho, akampitisha kwa mwenye mkono mtupu. Nikaona miguu ya mama mkwe wangu ikisogea mbele. Akampokea kwa mkono mmoja, taa ikiwa kwenye mkono wa pili, palepale shavuni.

Mtoto akanyamaza.

Fyu. Giza.

"Nani kanitazama?" Mahakama akafoka. "Nani huyo?"

"Si mimi," nikasema. "Natazama chini, mama, naapa."

"Mimi nafunga vifaa," mkunga akasema.

"Mimi hata macho sijafumbua," binti yangu akasema.

"Na mimi niko barabarani!" ikaja sauti ya mwokaji.

Tukangoja iwake. Haikuwaka. Tukangoja tena. Kila mmoja wetu alikuwa anahesabu waliomo chumbani, na kila mmoja alifika kwenye mtu yuleyule.

"Ni huyu," Mahakama akasema gizani. "Ni huyu mdogo."



"Ananitazama," akasema. Halafu, baada ya kitambo, na taa bado imezimika: "Bado ananitazama."

Nikamsikia mama mkwe wangu akilia. Hakulia kwa sauti, alikuwa anavuta pua na kumwambia mtoto maneno ambayo hayakuwa na tusi hata moja ndani yake, tazama, akimwambia, tazama tu mama, tazama mpaka uchoke. Hakuna aliyeomba mwanga. Kazi ilikuwa imekwisha, mtoto mzima, mama yake mzima, na lile giza lilikuwa la yule bibi kizee, amelipata kwa haki yake. Nilikaa kwenye ukingo wa kitanda nimeshika mkono wa binti yangu, na nikajichukia kwa zile asubuhi zote nilizopeleka chai na kutazama miguu.

Kwa hiyo nikainua uso. Gizani sikuona kitu, lakini nilielekeza macho pale ilipokuwa sauti yake, nikayaacha palepale. Jua lilipofunua jicho, dirisha likawa jeupe kidogokidogo, na mbele yangu akajitokeza mwanamke mdogo mwenye nyusi nyembamba, kovu dogo kidevuni ambalo sikujua kama analo, na macho ya kahawia, mekundu kwa kulia, ambayo nimeyaona maisha yangu yote ya ndoa kwenye uso wa mume wangu. Mtoto alikuwa amelala. Yeye akageuka akanikuta namkodolea.

"Unatazama nini?" akauliza.

Shingo ikataka kuinama. Nikaikatalia.

"Nakutazama wewe, mama."

Alinipima kutoka juu hadi chini, nikajua hukumu inakuja.

"Umechelewa sana," akasema. Akasogea kwenye mwanga wa dirisha ili nione vizuri.